Macho Manne Juu ya Bastola Moja: Kisa cha Miami, 1986

Wanaume wawili wamepiga magoti ubavuni mwa gari lao, upande wa dereva. Mmoja ana miaka 53, mwenzake 30. Wa kwanza angeweza kumzaa wa pili. Bastola ya yule kijana imepigwa na risasi ya adui na haifanyi kazi tena. Wote wawili wameiinamia wakihangaika kuifufua. Hawaoni kwamba mtu mwenye bunduki ameshaanza kuzunguka nyuma ya gari na anawajia.

Ni Ijumaa, tarehe 11 Aprili 1986, saa tatu na nusu asubuhi imeshapita, kusini mwa Miami, jimbo la Florida. Yule mkubwa ni Benjamin Grogan, mdogo ni Jerry Dove, wote makachero wa FBI. Muda mfupi baadaye wote wawili wamekufa.

Ninafundisha watu wenye leseni ya silaha namna ya kujilinda kwa bastola. Katika fani yetu kisa hiki kinajulikana dunia nzima, na karibu kila anayekisimulia hukisimulia kwa ajili ya risasi moja tu iliyoingia kifuani mwa jambazi ikasimama kabla ya kufika moyoni. Nitaigusa risasi hiyo, maana huwezi kuikwepa. Lakini baada ya kukirudia kisa hiki miaka mingi, mimi hukifundisha kwa sababu nyingine. Nawaambia wanafunzi waache kwanza kutazama risasi, watazame mikono ya makachero: mkono wa nani ulikuwa unafanya nini, wakati gani, na mwenyewe alikuwa amejikinga nyuma ya nini. Ukikitazama hivyo, unaona watu wanane waliopatwa karibu na kila tatizo ambalo silaha ya mkononi inaweza kumletea mtu, ndani ya muda usiofika dakika tano.

Waliokuwa ndani ya Monte Carlo

Majambazi walikuwa wawili, William Matix na Michael Platt, wote waliowahi kuwa jeshini. Tangu Oktoba 1985 walikuwa wakipora benki na magari ya kubebea fedha. Magari ya kufanyia kazi hiyo waliyapata kwa njia ya kinyama: waliwavizia watu waliokwenda peke yao machimboni kufanya mazoezi ya shabaha. Wa kwanza waliyemvizia hivyo walimuua. Wa pili, Machi 1986, walimpiga risasi nne wakamwacha wakidhani amekufa, naye akainuka, akatembea hadi akapata msaada, akapona na kueleza yaliyompata. Gari lake, Chevrolet Monte Carlo jeusi, ndilo walilokuwa wakiliendesha asubuhi ile. Sehemu hii huisoma polepole kila mara, kwa sababu najua wanafunzi wangu wangapi hupenda kwenda kulenga shabaha peke yao mahali palipojitenga, masikio yameziba, macho yote kwenye makopo.

Makachero walikuwa wametawanyika na magari kadhaa wakiongozwa na Gordon McNeill. Grogan na Dove ndio walioliona gari jeusi. Likafuatwa, likajaribiwa kusimamishwa, magari yakagongana na kusukumana mpaka Monte Carlo ikabanwa kati ya gari la kachero mmoja na gari lililokuwa limeegeshwa. Waliofika kwenye mapigano ni makachero wanane. Platt alikuwa na Ruger Mini-14, bunduki ya risasi za .223. Matix alikuwa na bunduki ya marisau. Tena walikuwa na rivolva mbili za .357, yaani bastola zenye silinda ya tundu za risasi. Makachero watatu, Grogan, Dove na Ronald Risner, walikuwa na bastola za magazini, yaani kasha la risasi linaloingizwa kwenye kitako cha bastola, Smith & Wesson 459 za 9 mm. Wengine walibeba rivolva.

Mpangilio wa yaliyotokea ulijengwa baadaye kutokana na majeraha, maganda ya risasi na maelezo ya waliopona, kwa hiyo baadhi ya hatua zinajulikana vizuri kuliko nyingine. Ninayoyataja hapa ni yale yasiyo na ubishi mkubwa.

Silaha mbili zapotea kabla ya risasi ya kwanza

Richard Manauzzi alijua mapigano yanakuja. Akaitoa rivolva yake akaiweka kitini, iwe karibu. Magari yalipogongana ikamtoka, na hakuwahi kupiga hata risasi moja. John Hanlon naye alipoteza rivolva yake kubwa katika mgongano huohuo, akabaki na ile ndogo ya akiba, Smith & Wesson 36, yenye tundu tano.

Silaha ambayo haimo kwenye ala yake haina mwenyewe, ndivyo ninavyosema darasani, na sichelewi tena kulisema jambo hili.

Mkono wa McNeill, mkono wa Hanlon

McNeill alipiga risasi zote sita za rivolva yake, mbili kati ya hizo zikampata Matix kichwani na shingoni. Ni kazi kubwa kwa mtu anayepigwa risasi na bunduki yenye nguvu mara nyingi kuliko silaha yake. Lakini yeye mwenyewe alikuwa amepigwa mkono wa kulia. Alipotaka kujaza upya, jeraha na damu iliyoingia kwenye tundu za rivolva vilimshinda. Baadaye Platt alimpiga tena shingoni, akaanguka na kupooza kwa saa kadhaa.

Mtu ambaye hajawahi kujaza rivolva hawezi kuuona ugumu huo, kwa hiyo nieleze. Lazima uifungue, uinue mdomo juu, ubonyeze kijiti cha kutolea maganda, maganda sita yaanguke, kisha uelekeze mdomo chini na kuingiza risasi sita mpya, moja moja au kwa kifaa kinachozishika zote pamoja. Ni kazi ya vidole kumi. Kila tundu lina nafasi ya risasi na si zaidi. Uchafu kidogo tu unatosha kuizuia risasi kuingia hadi mwisho. Sasa mwondolee mtu huyo kiganja kimoja, na kilichobaki kiloweshe damu.

Hanlon alijiweka nyuma ya gari la Grogan na Dove. Akapiga risasi zake tano, zikaisha, akaanza kujaza. Katikati ya kujaza akapigwa mkono wa kulia.

Hapa wanafunzi wengi hukimbilia kuuliza kasi. Je, angejaza haraka zaidi? Je, angekuwa na magazini badala ya rivolva? Swali si baya, na jibu la pili lina uzito wake. Lakini watazame wenzao. Gilbert Orrantia, aliyekuwa na Risner ng'ambo ya barabara, alipiga risasi 12 kwa rivolva. Rivolva ya tundu sita haitoi risasi 12 bila kujazwa. Ina maana naye alifungua, akatoa maganda, akaingiza sita nyingine, akarudi vitani, huku naye akijeruhiwa na vipande vilivyoruka. Jerry Dove alipiga risasi 20 kwa bastola ambayo magazini yake hubeba 14. Maana yake alibadilisha magazini, akaendelea, na mabadiliko hayo yalifanyika vizuri kiasi kwamba hakuna anayeyasimulia.

Basi siku ile watu walijaza upya na wakafanikiwa, na mmojawao alikuwa na silaha ya aina ileile iliyowashinda wengine. Tofauti ninayoiona mimi kati ya Orrantia na Hanlon ni umbali, na kiasi cha chuma kilichosimama kati ya mwili na mtutu wa Platt. Mmoja alikuwa ng'ambo ya barabara. Mwingine alikuwa karibu kabisa na mtu aliyekuwa akisogea. Kujaza upya si jambo la vidole peke yake. Linaanza miguuni. Kabla hujafungua silaha yako uwe umeshajua mwili wako uko nyuma ya nini, na kama kilicho mbele yako kitazuia risasi au kitakuficha tu.

Bastola ya Dove

Sasa nirudi kwa wale wawili waliopiga magoti.

Bastola ya magazini inapogoma, kwa kawaida sababu ni ndogo. Magazini haikusukumwa hadi ikabana. Risasi ni mbovu, kichochezi kinavutwa na husikii kitu ila tiki. Mkono umeishika kwa ulegevu, slaidi, kile kipande cha juu kinachorudi nyuma kila risasi inapopigwa, ikakosa nguvu ya kurudi vya kutosha, ganda likabanwa kwenye mlango wa kutolea maganda limesimama wima kama kijiti cha shaba. Haya yote yana dawa moja ya haraka: piga kitako cha magazini kwa kiganja kwa nguvu, vuta slaidi hadi mwisho uiachie, tazama kama bado unahitaji kupiga. Kuna tatizo gumu zaidi, risasi mbili zinapogombania chemba moja, pale risasi inapokaa tayari kupigwa. Hapo kupiga na kuvuta hakusaidii, kunazidisha. Lazima ufunge slaidi nyuma, ung'oe magazini, uvute slaidi mara kadhaa chemba ibaki tupu, uingize magazini nyingine, ukoki. Mwanafunzi mzuri hufanya hivyo kwa sekunde nne au tano akiwa ametulia. Mwenye hofu huchukua muda mrefu zaidi, na wengine hukwama kabisa kwenye kung'oa magazini, kwa sababu risasi ya juu imeibana na vidole vimelowa jasho.

Tatizo la Dove halikuwa lolote kati ya hayo. Bastola yake ilikuwa imepigwa na risasi ya bunduki. Hilo halina dawa kwenye zoezi lolote nililowahi kufundishwa au kufundisha. Ungeipiga, ungeivuta, ungebadilisha magazini, bado ingebaki chuma.

Dove alikuwa ameshafanya kazi kubwa kuliko mtu yeyote mpaka wakati ule. Risasi yake ya 9 mm ndiyo ile mashuhuri: Platt alipokuwa akitoka kwenye dirisha la gari, risasi hiyo ilipita mkono wake wa kulia, ikakata mishipa mikubwa ya damu, ikaingia kifuani, ikaharibu pafu la kulia, ikasimama kama inchi moja kabla ya moyo. Lilikuwa jeraha la kuua. Platt alikuwa anakufa tangu dakika ile. Lakini mtu anayekufa bado ana muda wa kupiga risasi, na Platt aliutumia wote. Akapigwa tena na tena, mkono wa kulia ukavunjwa, akaendelea. Wakati Grogan na Dove wanaishughulikia bastola, alizunguka nyuma ya gari, akamuua Grogan kwa risasi ya kifua, akampiga Hanlon kinenani, akamuua Dove kwa risasi mbili za kichwa.

Sikuwepo. Risasi hazikunipita masikioni, wala sijawahi kutazama silaha iliyovunjwa mkononi mwangu na mtu anayetaka kuniua. Kwa hiyo siwezi kusema walikosea kwa namna ambayo mimi nisingekosea. Ninachosema ni kwamba walifanya kile ambacho mwili wa binadamu unataka kufanya. Kitu kilicho mkononi kikiharibika, macho hukishukia. Mtoto akikatika kamba ya kiatu huinama. Dereva simu ikianguka huifuata sakafuni gari likiwa kwenye mwendo. Na mwenzako akiwa kwenye shida, nawe unainama umsaidie, kwa wema kabisa. Macho manne yakaenda mahali pamoja, na upande ule ambao Platt alitokea haukubaki na mlinzi.

Nilivyouona mwenyewe

Kwa miaka mingi nilisimulia sehemu hii bila kuielewa sawasawa. Nilikuja kuielewa katika zoezi moja la bastola tupu. Tulikuwa tumekagua silaha mara mbili, kila mtu akaikagua ya mwenzake, hakukuwa na risasi hai hata moja ndani ya ua, ni risasi bandia za plastiki tu. Washiriki walikuwa wawili wawili. Jozi moja ilikuwa ya mtu na shemeji yake, wenye duka la kubadilisha fedha, watu makini, wanaokuja kila mwezi bila kukosa. Niliwaweka nyuma ya gari bovu lililopo pale uwanjani, nikampangia yule shemeji risasi mbili bandia kwa namna ya kwamba zingegombania chemba.

Akakoki. Slaidi ikasimama katikati. "Imegoma," akasema. Akaishusha hadi usawa wa kitovu, akainama kuitazama. Mwenzake, aliyekuwa na bastola nzima, na kazi yake pekee ilikuwa kutazama kona ya gari, akageuka. "Hebu nione, shem. Si magazini hiyo? Toa magazini." Akanyosha mkono kuigusa.

Nilikuwa nimesimama kando. Nikaanza kutembea, mwendo wa kawaida tu, nikazunguka nyuma ya gari. Nilihesabu hadi saba moyoni. Nikaweka kiganja begani mwa yule mwenye bastola nzima, akashtuka kama aliyeguswa na umeme.

Hakuna aliyesema kitu kwa muda. Kisha shemeji mtu akauliza, "Mwalimu, sasa mimi ningefanya nini? Silaha yangu imekufa." Lilikuwa swali zuri kuliko yote niliyowahi kuulizwa pale, na nilitambua kwamba mafunzo yangu hayakuwa na jibu. Nilikuwa nimewafundisha kutengeneza. Sikuwa nimewafundisha kuacha kutengeneza.

Mtu mwenye mkono mmoja

Jibu lipo ndani ya kisa chenyewe, kwa Edmundo Mireles.

Mwanzoni kabisa, akivuka barabara mbio, Mireles alipigwa kwenye mkono wa kushoto chini ya kiwiko na mfupa ukasambaratika. Bunduki yake ilikuwa Remington 870 ya marisau, ile ambayo kila baada ya risasi lazima uvute kitasa cha mbele nyuma na mbele. Imetengenezwa kwa mikono miwili. Mireles akiwa na mkono mmoja alipiga, akaibana kati ya mapaja, akavuta kwa mkono wa kulia, akailenga tena, akapiga. Mara tano. Risasi ya kwanza ilimpata Platt miguuni wakati anaingia kwenye gari la Grogan na Dove ili atoroke. Matix, ambaye wengi walidhani amekufa, alikuwa amezinduka na kuingia upande wa pili. Risasi nne zilizofuata hazikumpata yeyote.

Bunduki ikaisha. Na hapa ndipo ninaposimamisha darasa. Mireles hakujaribu kuijaza. Aliiacha. Akatoa rivolva yake, akainuka, akatembea hadi kwenye gari huku akipiga, risasi sita, tano zikawapata. Ya mwisho aliipiga akiwa ameifikisha rivolva dirishani. Mapigano yakaishia hapo.

Dakika ileile, mahali palepale, silaha moja ilishughulikiwa na silaha nyingine ilitelekezwa. Sitaki kuwalinganisha watu, maana Mireles alikuwa na rivolva kiunoni, na Dove alikuwa na nini sijui zaidi ya kile kipande cha chuma. Ninalinganisha uamuzi. Silaha ikinyamaza maswali ni mawili, na la kwanza si lile tunalolifundisha. Tunafundisha "imeharibika nini?" Swali la kwanza ni "adui yuko wapi?" Ukishajua hilo ndipo unapojua kama una muda wa kutengeneza, au unapaswa kusogea, au kuchukua silaha nyingine, au kukimbia.

Walichokichukua FBI

FBI walikichukua kisa hiki kwa uzito mkubwa. Septemba 1987 waliwakusanya wataalamu Quantico, kwenye chuo chao cha mafunzo, kujadili namna risasi inavyojeruhi. Hitimisho lililotawala lilikuwa kwamba risasi ya Dove haikuzama vya kutosha. Kutoka hapo kukazaliwa kipimo cha kina ambacho risasi lazima ifikie, ikaja bastola ya 10 mm, na mwaka 1990 risasi mpya ya .40 S&W iliyosambaa katika vikosi vya polisi Marekani nzima. Makachero wakahama kutoka rivolva kwenda bastola za magazini. Miaka mingi baadaye FBI wakarudi tena kwenye 9 mm, risasi zenyewe zikiwa zimeboreshwa sana, na mwaka 2016 wakaipa Glock mkataba wa bastola zao.

Kuhama kutoka rivolva kulikuwa sahihi, na kwa suala letu ndilo badiliko lenye faida ya moja kwa moja. Magazini hubadilishwa kwa miondoko michache kuliko kujaza tundu sita, na mtu aliyejeruhiwa mkono mmoja anaweza kuifanya kazi hiyo ikiwa amejizoeza: abane bastola kati ya magoti, aingize magazini, avute slaidi kwa kukwangua kilengeo cha nyuma cha bastola kwenye mkanda au kisigino cha kiatu. Angekuwa na silaha hiyo, McNeill huenda angerudi vitani.

Lakini mjadala wa risasi ulikuwa mkubwa mno hata ukafunika mengine. Nimekutana na watu wanaojua uzito wa risasi ya Dove kwa gramu, na hawajui kwamba Dove alikufa ameinamia bastola. Risasi hununuliwa dukani. Kuinua macho hakununuliwi, na pengine ndiyo maana watu wanapenda zaidi kuzungumzia risasi.

Ninavyofundisha sasa

Tangu siku ile ya shemeji wawili nilibadilisha mpangilio wa darasa.

Bastola ikigoma haishuki. Inabaki mbele ya kidevu, umbali wa kiganja kimoja na nusu kutoka usoni, mlango wa kutolea maganda umeelekea kwako kidogo. Pale unaweza kuiona bastola na kuuona ulimwengu nyuma yake kwa pamoja. Wanafunzi wapya hulalamika kwamba mikono inachoka. Inachoka kweli. Mtu akiishusha hadi tumboni, tunaanza upya.

Magazini mpya inachukuliwa kwa kugusa. Kidole cha shahada kinalala mbele ya magazini, ncha yake ikigusa risasi ya juu, ili mkono ujue upande wa mbele bila kuuliza macho. Nawafanyisha hivi wakinitazama mimi, nami nainua vidole, wataje idadi huku wakibadilisha. Anayeshindwa kutaja idadi ameangalia chini, na wote wanajua.

Risasi bandia nazichanganya na hai kwenye magazini za kila mtu, na hakuna anayejua ziko wapi; kila mmoja anajaza za mwenzake. Tiki ikisikika, kabla ya kupiga kitako cha magazini, mguu unasogea. Hatua moja tu, kuelekea kwenye kinga. Mwanzoni niliona hatua hiyo inawapotezea muda. Nilipoanza kuipima kwa saa niligundua kwamba mikono inafanya kazi yake wakati mguu unatembea, na muda unaopotea ni mdogo kuliko nilivyodhani.

Jambo lililonichukua muda mrefu kulikubali ni kikomo. Nimeweka sheria ya jaribio moja. Umepiga, umevuta, bado imegoma: hiyo si silaha tena kwa sasa, na unafanya kitu kingine. Kama kuna mlango, toka. Kama kuna mwenzako, mwambie kwa sauti na ujiweke nyuma yake. Kama una kinga nene na adui yuko mbali, ndipo unapofungua slaidi na kung'oa magazini. Wanaume hasa hupata shida na hapa. Wanaona kuiacha bastola ni kushindwa, wanaendelea kuivuta na kuivuta, nyuso zimewaka.

Mkono mmoja tunaufanyia mazoezi kila kipindi, wa kulia na wa kushoto, kwa bastola tupu peke yake. Silipeleki zoezi hilo kwenye risasi hai kwa mtu ambaye sijamfahamu vizuri, kwa sababu kukwangua slaidi kwenye mkanda huku mdomo wa bastola uko karibu na paja lako ni hatari ya kweli. McNeill na Hanlon walipigwa mikono kwa sababu mikono ndiyo iliyo mbele, pamoja na silaha ambayo adui anaitazama. Ni jeraha la kutarajiwa, wala si bahati mbaya ya nadra.

Na kwa jozi kuna maneno mawili tu. Anayegomewa anasema "Imegoma!" kwa sauti ya kusikika barabarani. Mwenzake hageuki. Anajibu "Nipo!" na anabaki kutazama pale alipokuwa akitazama, akiongeza upande ambao mwenzake ameuacha. Hana ruhusa ya kuitazama bastola iliyogoma, hana ruhusa ya kushauri, hata kama anajua tatizo ni nini.

Wale shemeji walirudi mwezi uliofuata. Niliwaweka nyuma ya gari lilelile, nikapanga risasi mbili kwa namna ileile, safari hii kwa yule mwingine. Slaidi ikasimama katikati. "Imegoma!" Nikaanza kuzunguka gari kwa mwendo wa kawaida kama mara ya kwanza. Nilipofika kwenye kona ya nyuma, shemeji mtu alikuwa ameshaniona, bastola tupu imeinuliwa, jicho moja limefumbwa. Nyuma ya bega lake mwenzake alikuwa amekaa chini, mgongo kwenye gurudumu, akiing'oa magazini taratibu.

"Nipo," akasema, bila kugeuka.